Neno "homely": nyumba ikisifiwa, mtu akivunjwa moyo

Ukipitia matangazo ya vyumba vya wageni Mombasa, kuanzia Mji wa Kale hadi Nyali, Bamburi na Shanzu, hutakosa kukutana na neno "homely". Nyumba ni "homely", chakula ni "homely", hata shule ya chekechea inajinadi kwa mazingira yake "homely". Mwandishi wa tangazo ana nia njema: anataka mgeni ajue atakaa kwa raha kama yuko kwao. Kisha anatokea mgeni kutoka Marekani, analisoma neno hilo, anauliza nyumba ina kasoro gani. Mwenye nyumba anachukua simu, anafungua kamusi, na kamusi inamwonyesha kwamba neno alilolibandika ukutani lina maana ya mtu asiyevutia kwa sura. Mabishano ndipo yanapoanza. Kuna anayeapa kwamba mwalimu wake alimfundisha "homely" ni raha ya nyumbani, na kuna anayeapa kwamba kamusi haiwezi kumdanganya.

Wote wanasema kweli, na kwa sababu wote wanasema kweli, jambo hili haliishi kwa kubishana. Inabidi lifumuliwe kutoka mwanzo.

"Homely" ni kivumishi kilichotokana na "home", yaani nyumbani, na hutamkwa takriban "houmli". Leo lina maana tatu kubwa, na kila moja ina kwao. Uingereza, na katika nchi nyingi zilizopata Kiingereza chake kwa Mwingereza, Kenya ikiwemo, "homely" ni kitu chenye hali ya kinyumbani: kina raha, hakina makuu, hakimfanyi mtu akae kwa wasiwasi. Marekani na Kanada, neno hilo likitajwa juu ya mtu, linasema hakujaliwa uzuri wa sura. India, hasa katika matangazo ya kutafuta mchumba, ni mtu mtulivu, mpenda nyumbani, anayeimudu kazi ya nyumba.

Kuna kikwazo kidogo cha sarufi ambacho huwapotosha wanafunzi. Shuleni tumezoeshwa kwamba neno la Kiingereza lenye mwisho wa "-ly" ni kielezi, linaeleza jinsi jambo linavyotendwa. Hili halimo humo. Liko pamoja na "friendly" na "lovely", linaeleza nomino: chumba, chakula, uso. Kwa hiyo "she cooks homely" ni kosa, hata kama msikilizaji ataelewa ulichokusudia.

Swali gumu ni jingine. Ikiwa mzizi ni nyumbani, ubaya wa sura uliingilia wapi?

Katika karne ya 14 neno hili lilikuwa na joto. Julian wa Norwich, mwanamke mcha Mungu wa Uingereza aliyeandika mwishoni mwa karne hiyo, alilitumia kueleza jinsi Mungu anavyomkaribia mwanadamu: kwa mazoea, kwa ukaribu wa watu wa nyumba moja, bila kujitenga naye. Kwake yeye hiyo ilikuwa sifa ya kumpa Mola. Lakini cha nyumbani ni cha kila siku pia. Nguo ya kushindia nyumbani haina tarizi. Chakula cha nyumbani hakipambwi. Polepole "homely" likachukua maana ya kitu cha kawaida, kisichopambwa, na likaanza kutumika kwa sauti ya kushusha.

Sisi tumelifanyia neno "mshamba" jambo hilohilo. Asili yake ni mtu wa shamba, anayelima na kula jasho lake. Watu wa mjini wakamcheka kwa mavazi na matamshi yake, na leo ukimwita mtu mshamba hakuna anayefikiria jembe. Anafikiria ujinga wa mambo ya mji. Hakuna aliyeitisha mkutano kulibadilisha. Dharau ya watu iliingia katika neno na ikakaa. Kwa "homely" ilibaki hatua moja tu: kutoka nguo isiyopambwa hadi uso usio na pambo.

Hatua hiyo ilikwisha kupigwa mwishoni mwa karne ya 16. Wareno walianza kujenga Fort Jesus mwaka 1593. Katika miaka hiyohiyo, London, Shakespeare aliandika mchezo wa The Comedy of Errors, uliochezwa Desemba 1594, na ndani yake kuna mke anayelalamika kwamba mumewe hamtazami tena. Anauliza kama ni umri uliompokonya uzuri wa shavu lake, na umri huo anauita "homely". Mwaka 1634 mshairi wa Kiingereza John Milton akalifungua neno waziwazi zaidi. Katika mchezo wake wa Comus, mchawi anamrai msichana asiufiche uzuri wake, autoe uonekane kwenye karamu na majumba makubwa. Nyuso zilizo "homely", anasema, ndizo za kukaa nyumbani, na ndiko zilikopata jina lao.

Napenda tuyatazame maneno hayo vizuri, kwa sababu yanaonyesha ukatili uliojificha ndani ya neno. Mchawi anasema mwanamke asiye mzuri hana haja ya kutoka nje. Nyumba, iliyokuwa mahali pa mapenzi kwa Julian, imegeuzwa mahali pa kufichia. Na Milton hakuyatia maneno hayo kinywani mwa mtu mwema. Aliyatia kinywani mwa mlaghai anayetaka kumpotosha msichana, na msichana anamkatalia.

Basi wale wanaosema Wamarekani wamekiharibu Kiingereza wanawaonea. Waingereza walipoanzisha makazi ya Jamestown mwaka 1607, maana ya sura ilikuwa imeshaandikwa London. Wahamiaji waliondoka na neno likiwa na maana zake zote mabegani. Huko ng'ambo maana ya sura ikashika nguvu mpaka ikazifunika nyingine. Uingereza maana ya nyumba ndiyo iliyoendelea kutumika zaidi. Kwa kuwa Wamarekani nao wana nyumba zenye raha na wanahitaji kuzisifu, wakawa na "homey", bila herufi "l". Herufi moja tu, lakini kwa sikio la Mmarekani ndiyo inayotenganisha sebule ya kupendeza na uso usiopendeza.

Maana hizo mbili hazikuachana kwa siku moja, na ushahidi mzuri ninaoujua unamhusu Abraham Lincoln. Mwaka 1862, katikati ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, mwandishi Nathaniel Hawthorne alikwenda Washington, akamwona Rais Ikulu, akaandika alichokiona. Alimwona mtu mrefu, viungo vimelegea, koti jeusi limechakaa, nywele hazijaguswa na kitana asubuhi hiyo, miguuni ana slipa kuukuu. Akasema huyu ni kama mtu aliye "homely" kuliko wote aliopata kuwaona. Hapohapo akaongeza kwamba hachukizi hata kidogo. Aya chache mbele anasema ameupenda uso ule wa ajabu wenye busara, uliotiwa joto na huruma za kibinadamu, na huruma hizo nazo akaziita "homely". Mwandishi mmoja, mtu mmoja anayeelezwa, neno lilelile: la kwanza linasema Rais hana sura, la pili linasema ana moyo wa watu wa nyumbani. Mhariri wa jarida la The Atlantic Monthly aliiondoa picha hiyo ya Lincoln kabla ya kuchapisha, kwa kuona haimstahi Rais. Nadhani aliliona neno la kwanza likamzuia kulisikia la pili.

Maneno ya Hawthorne yanasaidia pia kupima uzito wa neno. Wengi wakishajua maana ya Kimarekani hulichukulia "homely" kuwa sawa na "ugly". Si sawa. "Ugly" liliingia Kiingereza kutoka lugha ya watu wa Skandinavia ya kale, na mzizi wake ni hofu: kitu cha "ugly" kilikuwa kitu cha kutisha, na mpaka leo neno hilo lina ukali. Kiingereza cha zamani kilikuwa pia na "ill-favoured", kwa kuwa "favour" wakati mmoja ilikuwa sura ya mtu. Ukiisoma Biblia ya King James ya mwaka 1611, Mwanzo 41, wale ng'ombe saba waliokonda katika ndoto ya Farao ndio wanaoitwa hivyo. Kuna "plain", yaani wa kawaida, asiye na cha kuvuta jicho. Na kuna "unprepossessing", neno refu la waandishi wa vitabu, linalosema mtu hakuvutii unapomwona mara ya kwanza. Hilo angalau linaacha nafasi ya kuvutiwa baadaye.

"Homely" liko jirani na "plain". Halisemi uso unatisha wala una kilema. Linasema uzuri haupo. Kwa Kiswahili ningelifasiri "hakujaliwa sura" au "sura yake ya kawaida tu", na nisingethubutu kuandika "ana sura mbaya", kwa sababu hapo tungekuwa tumemwongezea mtu uzito ambao Kiingereza hakikumtwika.

Jambo la pili linalotupotosha linatokana na lugha yetu wenyewe. Kwetu "-baya" linabeba sura na tabia kwa pamoja. Ukisema "yule mtu mbaya", msikilizaji atakuuliza mbaya wa nini, kafanya nini. "-zuri" vilevile: "mtu mzuri" aweza kuwa mrembo, aweza kuwa mwema. Mswahili akisikia "homely" ni ubaya, ni rahisi adhani limegusa na tabia. Halijagusa. Katika Kiingereza cha Marekani neno hili husimama kwenye ngozi tu, na mara nyingi linalofuata ni sifa: "homely but kind", hana sura lakini ana moyo. Ila hiyo "lakini" nayo inauma, maana inamfanya mwenye sura ya kawaida aonekane anadaiwa wema ili afidie.

Kuna mengine mawili ambayo watu huyachanganya na hayahitaji maneno mengi. "Comely", mrembo, linafanana na "homely" kwa herufi zote isipokuwa ya kwanza, na wengi hudhani yamezaliwa pamoja, moja upande wa uzuri na jingine upande wa ubaya. Yanafanana kwa maandishi tu, hata matamshi yao hayalingani. Mizizi yao ni tofauti. Na "homie", wanavyoitana vijana, imetokana na "homeboy", kijana wa mtaani kwetu. Ukimwita rafiki yako "homie" hujamgusa sura.

Turudi kwenye matangazo, kwa sababu hapo pana riziki ya watu. Tunasema mgeni njoo, mwenyeji apone, na mgeni wa Mombasa aweza kutoka Leeds, Chicago, Toronto au Nakuru. Wa Leeds na wa Nakuru wataelewa "homely" kama ulivyokusudia. Wa Chicago na Toronto watasita, au watafikiri chumba ni duni. Neno linalopita kwa wote ni "cosy", ingawa Mmarekani huliandika kwa "z". "Homey" pia linaeleweka pande zote mbili. Lakini rai yangu ni kwamba kivumishi peke yake hakimfikishi mgeni popote. Mwambie kuna neti ya mbu isiyotoboka na feni inayozunguka vizuri. Mwambie maji yapo, kuna tangi, maana aliyewahi kukaa Mombasa atataka kulijua hilo kabla ya yote. Mwambie asubuhi ni mahamri kwa mbaazi za nazi na chai ya iliki, na kwamba barazani jioni kuna upepo wa bahari. Akishayasoma hayo, neno la kumwambia atajisikia nyumbani halihitajiki tena.

Juu ya watu, ushauri wangu ni mkali zaidi: usilitumie kabisa, hata kama mwalimu wako wa Kiingereza alilisifia. Nimesikia watu wakimwandikia mama wa Kimarekani aliyewakaribisha kwake, "You are such a homely mother." Wamekusudia kumwambia amewapokea kama watoto wake. Alichosoma yeye ni kwamba hana sura. Ukitaka kumshukuru, "warm" na "welcoming" yapo, na hayana nchi yanakogeuka.

Anayeona ajabu neno moja kuwa mapenzi hapa na maumivu pale alifikirie neno "shoga". Mombasa, Lamu na Unguja, wanawake wameitana "shoga yangu" miaka na miaka, rafiki na rafiki, wakisutana, wakisaidiana arusini na matangani. Msichana wa Pwani akilibeba neno hilo mpaka bara akamwita mwenzake hadharani, watu watageuka kumtazama, kwa kuwa wao wanalijua kwa maana nyingine kabisa, na aghalabu kama tusi. Hakukosea Kiswahili. Ameliondoa neno kwao.

India imebaki, na kwa Mombasa India haiko mbali. Ziko familia nyingi hapa zenye jamaa Gujarat na Kachchh. Katika kurasa za magazeti ya India ambako wazazi hutangaza kuwatafutia watoto wao wenza, "homely girl" ni maneno ya siku nyingi. Mzazi anayeandika hivyo anasema binti yake, au mkwe anayemtaka, ni mtu wa nyumbani: ana heshima, ana utulivu, anajua kupika na kuwatunza wazee. Mmarekani anayeyasoma hushangaa baba kumtangaza bintiye kwa kusema hana sura. Baba hakusema hivyo. Hata hivyo, binafsi sioni kwamba maana hii haina mzigo wake. Inampima msichana kwa jinsi anavyotoshea ndani ya nyumba, na nadra utaona mvulana akitangazwa "homely" kwa sifa hiyohiyo. Wako wasichana wa Kihindi wasomi wanaolichukia neno hili kwa sababu hiyo, wala hawajali Wamarekani wanalielewaje. Ukitaka kumfasiria Mswahili maana ya India, sema "mtu wa nyumbani, mtulivu". Usiseme "msichana wa nyumbani", maana kwetu anaweza kudhaniwa msichana wa kazi.

Kwa msomaji wa Kiingereza, hasa mwanafunzi anayekutana na neno hili kwenye hadithi na hajui lishike upande gani, tazama kwanza limeshikamana na nini. Likiwa na chakula, chumba, mkahawa, moto wa jikoni au mazungumzo, ni la kinyumbani, na mwandishi yaelekea anafuata Kiingereza cha Uingereza. Likiwa na uso, pua, sura au umbo, linazungumzia ukosefu wa uzuri, awe mwandishi ni Mmarekani wa leo au Mwingereza wa karne ya 17. Penye ugumu wa kweli ni "a homely woman" peke yake, bila maelezo. Mwingereza wa leo aweza kuwa anamsifu mama mchangamfu, asiye na makuu, ambaye ukifika kwake huondoki na njaa. Mmarekani anamwonea imani mwanamke asiye na sura. Hapo soma sentensi mbili zinazofuata. Wakianza kumtaja anavyopika na anavyokaribisha watu, uko Uingereza. Wakianza kushangaa nani atamwoa, uko Marekani.